Barabara Yenye Inasikiaka Slogani

Asubuhi ya siku ya posho, mbele ya siku ya misa, Mathilde alikuwa anaanika mupunga kando ya njia, pale Lusangi, juu ya mukeka mukubwa. Mukono moja inageuza mupunga, muguu moja inafukuza kuku, na masikio yote mbili iko mu nyumba, juu Laura, binti yake, alikuwa ndani anaguna na tumbo yake tangu jana. Halafu akasikia kamyo. Kamyo yenye inatoka Kasongo haijifichaki, inakohoa kilima muzima mbele ya kufika. Mathilde akakusanya mupunga mu kitunga, akakunja mukeka, akasogea. Ilikuwa kamyo ya barabara, na barabara inaombaka nafasi.

Vijana wakashuka, wote wamevaa tiriko nyeupe yenye sura ya kandida wa uchaguzi ku kifua, wakafungua nyuma, wakashusha barabara. Ilikuwa imekunjwa vizuri, nene kushinda pipa ya mafuta, imefungwa na kamba ya nailoni. Wakaisukuma mpaka katikati, juu ya matope na yale mashimo yenye bata wanaogaka ndani, wakakata kamba. Mukubwa wao alikuwa Ayoubu, mutu mwembamba wa Kasongo, mwenye kuvaa kofia hata mu kivuli. Akainua mukono.

— Mama Mathilde, tupigie kidogo, ilale.

Mathilde akapangusa mikono ku kikwembe yenye alijifunga na kupiga slogani ya hii mwaka:

— Tumuache!

— Amalizie! vijana wakaitika.

— Tumuache!

— Amalizie!

Barabara ikaanza kujikunjua yenyewe, polepole, nyekundu, laini, bila shimo hata moja. Kuku wakapanda juu yake. Jirani moja akatoa kiti yake nje, akaiweka pale penye sawa, akakaa. Iko hivyo hii barabara: watu wakipiga slogani, inalala, wakinyamaza, inaanza kupinda ku pembeni kama jani ya ndizi juu ya moto, na vijana wanaikunja wanaipeleka mbele. Inafunika kutoka kijiji moja mpaka ingine, haiitaji zaidi. Kandida yeye anapita katikati, anapungia watu mukono.

Mathilde alijua hii barabara mbele Ayoubu aote ndevu. Ni yeye animatrice wa Lusangi, ule mama mwenye anapigaka slogani mbele na wengine wanaitika, tangu ile uchaguzi ya kwanza, wakati watu walienda kupanga mulolongo na nguo ya misa. Ile mwaka slogani ilikuwa “Barabara inakuja!” Na ilikuja kweli. Ilikuwa nene kama godoro, na mitaro kila upande, inanukia mvua. Vijana walicheza mupira juu yake. Ikabaki mpaka jipu ya mwisho mu magari ya kandida kupita, halafu ikakunjwa. Watu wakasema ni majaribio. Uchaguzi ya pili slogani ikawa “Barabara iko njiani!”, na mitaro haikukuwa tena. Ya tatu ikawa “Tulianza pamoja!”, na hiyo upana yake ilikuwa ya jipu moja tu, pikipiki ikikutana na jipu, pikipiki inaanguka inje mu matope. Sasa hii ya “Tumuache amalizie”, Mathilde akaikanyaga kwa muguu wazi, akasikia mashimo chini yake, moja moja, kama vile unapapasa mihogo mu gunia.

— Imekuwa kikwembe, akasema.

— Eh mama, Ayoubu akajibu, si unajua vikwembe vya kampanye? Ya kwanza ulivaa mpaka ukabebea nayo watoto. Ya sasa unafua mara moja tu, kandida anaenda na maji.

Alicheka yeye mwenyewe. Mathilde hakucheka. Alikuwa ameinama, anatafuta, na akapata: alama ya kwato ya mbuzi. Mu ile uchaguzi ya kwanza mbuzi ya shefu wa kijiji ilikanyaga barabara wakati ingali mbichi. Alama ilibaki. Na kila kampanye Mathilde anaikutaka, kwa hii kandida na kwa ule mwenye kumutukana, kwa wenye rangi ya manjano na kwa wenye bulu. Slogani inabadilika, kwato iko palepale.

— Ayoubu, baba, akauliza. Hii barabara ni ya nani?

— Ni moja tu, mama. Wanaikodishaka. Leo iko kwetu, juma yenye inakuja iko kwa wengine. Mimi niko wa kukunja.

Mathilde akatikisa kichwa. Alishajua. Alitaka tu asikie mutu anasema.

Lakini tumbo ya Laura ndiyo ilikuwa mambo. Munganga wa santre ya afya alimupapasa jana, akasema mutoto amelala mu tumbo kama kuni mu mulango, hawezi kutoka hivyo. Lazima Kasongo, ku hopitali, wamupasue, na haraka. Kasongo! Hapa na Kasongo, mu majira ya mvua, pikipiki inazama mpaka usukani inabaki peke yake juu kama pembe ya ngombe. Na daraja ya miti, hiyo usiulize. Ni pale ku daraja jirani yao, mwenye kuitwa Binti, alikufia, mu mvua ya mwaka jana, yeye na mutoto yake mu tumbo, juu ya pikipiki. Pikipiki ilikuwa ya Ismaël. Na Ismaël ndiye bwana wa Laura. Tangu ile siku hapandaki ile daraja juu ya pikipiki, anashuka, anasukuma, hata kama iko peke yake.

Ismaël alikuwa amekaa nyuma ya nyumba, anakaza cheni yenye haikulegea. Mukwe na mama mukwe hawaangalianaki mu macho, basi Mathilde akaongea na ukuta.

— Mwenye pikipiki ananisikia?

— Anasikia, mama, Ismaël akajibia cheni.

— Barabara imekuja.

— Niliiona.

— Inalala mpaka wapi?

— Mama, ile barabara inafuata jipu. Mimi nilishajaribu. Mu kampanye ya nyuma nilipanda juu yake na mizigo ya muchele, wakanyamaza nikiwa katikati. Ilinikunja ndani na muchele yangu. Walinishushia Kabambare.

Mathilde akafikiri. Saa ya mchana kandida akapita, akatoa mukono mu dirisha ya jipu, akasema anaipenda Lusangi kushinda vijiji yote. Nyuma yake wakagawa chumvi mu vifuko, na tiriko, na watu wakaacha kupiga slogani juu midomo yao ilikuwa inauliza chumvi yangu iko wapi. Barabara ikapinda. Ayoubu na vijana wakaanza kukunja.

Mathilde akamufuata.

— Munaenda Salamabila.

— Tunaenda kulala kule, kwa watu wa machimbo. Kesho mchana tunarudia hapa, kuelekea Kasongo. Ndege inangoja kandida.

— Basi kesho barabara italala kutoka hapa mpaka Kasongo.

— Kijiji kwa kijiji, ndiyo.

— Niko na mutoto mwenye kuzaa vibaya. Apite nyuma ya jipu yenu.

Ayoubu akaangalia mu nyumba, akasikia Laura, akatoa kofia. Hakukuwa mutu mubaya.

— Mama, nyuma ya jipu ndipo tunakunja.

— Na kama watu hawanyamaze?

— Watu gani?

— Watu. Kama slogani inaendelea nyuma ya jipu, mutakunja?

Ayoubu akakuna shingo.

— Haikubali, akasema. Slogani ikiwa juu yake, hata tukiwa makumi, hainyanyuki. Lakini mama, mimi niko mu hii kazi tangu zamani, sijaonaka watu wanapiga slogani nyuma ya jipu. Kandida akipita, slogani inakufa palepale. Nani atapiga bure?

Ilikuwa swali ya haki, na ndiyo swali yenye Lusangi yote ilimuuliza Mathilde jioni yake. Nani atapiga bure? Na wewe, bure yako iko namna gani? Mama moja akaingia kwake kuomba moto, akaangalia chini ya kitanda kama kuna chumvi ya kandida. Mwingine akamuambia Laura pole, halafu akapapasa gunia ya mupunga kama hakuna tiriko ndani. Mathilde aliwaacha. Hata yeye, kama ingekuwa animatrice wa kijiji ingine anasema wapigie kandida slogani bure nyuma ya mugongo yake, angeangalia chini ya kitanda.

Akapanda juu ya kichuguu nyuma ya kanisa, pale penye rezo ya simu inapatikanaka, na kuita Dieudonnée, animatrice wa kijiji yenye kufuata.

— Dieudonnée, ni mimi.

— Najua ni wewe. Nasikia mulipewa tiriko. Wewe ulipata ngapi?

— Sikupata.

— Animatrice asipate! Mathilde, mimi si mutoto.

— Sikia kwanza. Unakumbuka kilio ya maiti wa machimbo?

Dieudonnée alikumbuka, nani hakumbuke? Huku kwetu, mutu akifia mbali, ku machimbo ao kwingine, na wanamuleta kumuzika kwao, kilio haikatwaki njiani. Wanawake wa kijiji moja wanamusindikiza wakilia mpaka ku mupaka. Pale wale wa kijiji ingine wanangoja, wanapokea sauti juu ya sauti, bila hata kumeza mate, na wanaendelea. Ikikatika, maiti anashuka. Mu upande ya Kabambare iko muzee moja, kilio yake ilikatwa na mvua kubwa. Akashuka ku machela, akaingia nyumba ya kwanza, na mpaka leo anakaa pale kwa watu asiowajua, anaombaka chumvi jioni. Wanamupatia. Watafanya nini?

— Nataka tufanye vile, Mathilde akasema. Kesho. Lakini mu kilio tutie maneno ya slogani. Kijiji kwa kijiji, mpaka Kasongo, nyuma ya jipu, Laura apite.

Dieudonnée akapaza sauti.

— Unataka nililie kandida?

— Unalilia Laura. Maneno tu ndiyo ya kandida.

— Laura hajakufa! Kulilia mutu muzima ni kumuitia kifo mu jina.

— Binti hatukumulilia mbele, Dieudonnée. Alifia wapi?

— ...Ku daraja.

— Sasa.

Dieudonnée akapumua mu simu kama mutu anaweka mutungi chini.

— Nitafanya. Nitaambia na wale wa mbele yangu, na wao waambie wale wa mbele yao. Lakini Mathilde, haki ya Mungu, nikisikia walikutia kitu mu mukono, nitakuja Lusangi kukuvua kikwembe mbele ya watu.

— Utanikuta nimeshaivua.

Kesho yake, siku ya yenga, kisha misa, jipu zikaonekana. Barabara ilikuwa imeshalala, na Lusangi ilisimama kando yake kila upande. Wanaume walikuja kuona kama ni kweli. Kandida akatoa mukono mu dirisha, akasema ile maneno ya jana. Juu ya jipu ya pili alisimama Carine, musichana wa Kasongo mwenye kusoma komunikasion, na simu mbili, moja ya kufilmia na moja ya kuona kama ile ingine inafilmia. Kisha jipu ya mwisho kupita, Ismaël akatoka nyuma ya nyumba na pikipiki. Laura alikuwa katikati, amefungwa na kikwembe ku mugongo ya bwana yake, na nyuma yake tantine Marie-Thérèse, mama mukunga, anamushika na magoti.

Mathilde alianza. Hakuanza kama animatrice, alianza kama mwenye maiti: mukono juu ya kichwa, sauti kutoka chini, ndefu.

— Tumuacheee, mama yangu, tumuacheee...

— Amalizieee, oooh, amalizieee, wanawake wakapokea.

Ayoubu alikuwa amesimama na vijana wake, mikono tayari kukunja. Wakashika barabara, wakavuta. Haikunyanyuka. Ayoubu akaacha. Akakaa juu ya barabara yake na kutoa kofia, kama watu wanafanyaka maiti akipita.

Wanawake wakafuata pikipiki kwa muguu, wakikimbia kidogo, wakilia slogani. Wenye waliangalia chini ya kitanda jana, na wao walikuwa ndani. Ile sauti ya kilio haikubali mutu abaki kando. Ikishakupata mu kifua, unaenda. Carine akageuka juu ya jipu, akaona nyuma yake kijiji muzima inakimbia na mikono juu ya kichwa, machozi ya kweli, midomo inasema slogani ya kandida. Akapiga dereva ku bega apunguze mwendo. Hakuachilia simu yake hata kidogo.

Ku mupaka Dieudonnée alikuwa amesimama na watu wake. Alikuwa bado na uso ya kutia mashaka. Lakini pikipiki ikifika akafungua kinywa akapokea, juu ya sauti ya Mathilde kabisa, na Mathilde akafunga yake. Koo yake ilikuwa imekwisha. Alisimama pale kusikia kilio inaenda, inaingia mu kona, inapotea nyuma ya mashamba ya mihogo. Chini ya miguu yake barabara ikapinda polepole, akashuka kando, na matope ikamupokea.

Yenye ilifuata, alielezwa na Marie-Thérèse. Kijiji kwa kijiji walipokea. Mu kijiji ya Waislamu wanaume wenyewe waliingia, juu wanawake walikuwa wachache, walienda kwa harusi; wakalia kama watu wazima. Barabara ikashika, inajikunjua yenyewe mbele kufuata sauti. Lakini ku daraja ya miti hakuna kijiji. Wale wa huku walikuwa wamechoka, wale wa ngambo walikuwa bado mbali, wanakuja wanakimbia, wanasikika kidogo tu. Katikati ya daraja sauti ya huku ikakatika. Barabara ikaanza kunyanyuka ku pembeni, huku na huku, Ismaël akaona maji chini mu nafasi ya miti. Akasimamisha pikipiki. Hakuweza kushuka, Laura alikuwa amefungwa naye. Marie-Thérèse akataka kupiga, akakuta anajua nyimbo zote za kanisa lakini ile slogani imemutoka mu kichwa.

Basi Laura mwenyewe akapiga. Uchungu ilikuwa imemushika, na ile kelele yenye mwanamuke anatoaka, akaitia maneno:

— Tumuache! Amalizie! Tumuache! Amalizie!

Akaita na kuitikia yeye mwenyewe, animatrice na watu, mpaka barabara ikalala tena, na Ismaël akapita daraja juu ya pikipiki, macho yamefungwa. Ngambo wakapokea.

Ku hopitali ya Kasongo wakamupasua jioni yake. Mutoto alitoka muzima, mwanamuke, na makelele. Watu wa hopitali wakacheka wakasema aitwe Amalizie. Laura hakucheka. Alimuita Binti. Wakati simu ilifika Lusangi, Mathilde hakuweza kujibu, sauti ilikuwa haijarudi. Akagonga simu na kidole mara mingi ili Laura ajue amesikia.

Video ya Carine nayo ilitoka. Ilienda Kasongo, Kindu, ikaenda Kinshasa, watu wa Maniema wenye kukaa Ulaya wakaitumiana. Ilikuwa nzuri kweli, hata Mathilde alisema hivyo: barabara nyekundu, laini, inakunjuka kilima kwa kilima, na watu pande mbili wanalia kwa furaha, kijiji yote, kandida ameshapita na bado wanamulilia. Ku redio wakasema haijaonekana mu historia ya kampanye: watu wa Lusangi mpaka Kasongo wanashukuru barabara yao.

Kandida akapita mu uchaguzi. Shefu wa Lusangi akaenda Kasongo, mu ofisi ya mambo ya barabara, kuuliza mashini inaanza lini. Mutu wa ofisi akamupatia kiti, akamuonesha video. “Yenu tuliiona,” akasema. “Iko mazuri. Sasa tuko tunafikiria wale wenye hawana.” Ku karte ya njia, juu ya ukuta, walishachora barabara yao na wino ya kijani, maana yake imekwisha.

Mathilde naye akaenda mwenyewe. Alisafiri na Ismaël, akishuka penye matope, na njiani hawakusemezana. Akamukuta Carine ku soko ya Kasongo, anakula mikate ya muchele.

— Mama animatrice! Carine akasimama, akamukumbatia. Mama, mulifanya nini siku ile? Ku biro ya kandida watu walilia. Mimi mwenyewe nililia.

— Sisi tulikuwa tunalilia binti yangu. Alikuwa juu ya pikipiki.

— Ndiyo, anaonekana. Niliacha, ilipendeza. Mwanamuke mwenye tumbo juu ya barabara mupya.

— Hakuna barabara, dada.

— Mama, ninyi wenyewe mulipita juu yake.

Alisema bila ubaya. Akavunja mukate, akapatia Mathilde nusu. Mathilde akaangalia ile nusu mbele ya kula, akaigeuza, akanusa. Halafu akakula, juu alikuwa na njaa, na njia ya kurudia ilikuwa ileile.

Tangu pale slogani ya vyama vyote iko moja: “Tulimaliza!” Watu wa upinzani nao wanaisema, wanagombana tu ni nani alimaliza. Na wanawake wa Lusangi waliwaza yao. Kama barabara inakujaka na kampanye, basi mimba ikuje na kampanye. Mabinti wakaanza kupanga. Wenye kuolewa wanauliza kwanza tarehe ya uchaguzi, halafu wanauliza mahari. Mapadri walipigia kelele, baadaye wakaona ni vizuri kubatiza watoto wote pamoja. Ku shule munaweza kuona: darasa moja imejaa mpaka dirisha, zenye kufuata ziko na hewa, halafu ingine imejaa tena. Mwalimu hashangai, anaomba tu viti. Ayoubu naye akifika anapita nyumba kwa nyumba kuuliza tumbo ziko ngapi, ajue kama slogani itakuwa ndefu.

Lakini mimba haisikii kampanye siku zote. Yvette, binti wa seremala, alikuja kwa Mathilde mu majira ya mvua, mu mwaka yenye hakuna uchaguzi, hakuna affishi ku ukuta, hakuna hata kandida wa kutukana. Alikaa chini polepole, na mukono mugongoni. Munganga alikuwa amemupapasa. Kuni mu mulango.

— Mama Mathilde, akasema, wao wanarudia lini?

Mathilde akamuangalia tumbo, halafu uso.

— Wewe na wao hamutakutana.

Yvette hakuinuka. Akauliza kama wangejaribu hata hivyo, wao peke yao. Mathilde hakumukatalia. Akaita wanawake, wakatoka, wakasimama mu mvua kando ya njia na kuweka mikono juu ya kichwa. Walilia slogani ya mwisho, wakalia ya mbele yake, wakarudia nyuma moja moja mpaka ile ya kwanza kabisa, “Barabara inakuja”, na mabinti wadogo walikuwa wanaisikia leo mara ya kwanza, wakaipenda. Matope ilibaki matope.

Seremala akatoka kwake na shoka, akauliza wanaume gani wako na mabega mazuri. Wakakata miti mbili mirefu, wakafunga kiti katikati. Wakamuweka Yvette, wakamufunika na plastiki, wakainua. Mathilde akawasindikiza mpaka ku mupaka. Hakupiga slogani njiani. Alikuwa anaangalia tu pale watu wa mbele wanakanyaga, anaambia wale wa nyuma: hapa shimo, hapa shimo, hapa tena.